Rubabu na Kastadi: Usivikutanishe Kwenye Moto

Ukipita katika soko la Kirkgate mjini Leeds, jimbo la Yorkshire, Uingereza, mwezi wa Januari, utakuta kwenye meza za matunda vijiti vyembamba vya rangi ya waridi vimelazwa kwenye maboksi. Nchani kila kimoja kina jani dogo la manjano lililojikunja kama ngumi ya kichanga. Hiyo ndiyo rubabu. Nje jua limechelewa kuchomoza mpaka baada ya saa mbili asubuhi, na kufika saa kumi na moja jioni litakuwa limeshazama. Hakuna embe la maana, nanasi ni la bei, na kitu pekee chenye rangi kinachotoka katika ardhi ya karibu ni hivi vijiti.

Mara ya kwanza nilikitafuna kimoja kikiwa kibichi, hapo hapo nje ya soko. Meno yakafa ganzi. Jioni nikampigia simu mama aliyeko Tanga nikamweleza.

"Chungu?" akauliza.

"Siyo chungu, mama. Kali. Kali hasa, mpaka mdomo unajikunja."

"Basi hiyo ni mbirimbi ya Wazungu, mwanangu. Itie chumvi na pilipili."

Nilicheka, lakini miaka kadhaa baadaye nilijifunza kwamba mama alikuwa amelenga penyewe. Mbirimbi na rubabu zina asidi ya aina moja, asidi ya oksaliki, na kiasi chake katika vyote viwili si haba. Kwa hiyo msomaji uliyekulia pwani, ulimi wako unaijua rubabu hata kama macho yako hayajawahi kuiona.

Leo nataka kukuelekeza namna ya kuifanya kastadi baridi ya rubabu, ile inayokaa kwenye friji usiku kucha na kuliwa kesho yake kwa kijiko kidogo. Nina neno moja kubwa, na mengine yote yanatoka humo: kila kimoja kipikwe peke yake, kipoe peke yake, ndipo vikutane baridi kwa baridi. Mara yangu ya kwanza sikujua hilo. Niliichemsha rubabu kwa kikombe cha maji kwenye sufuria ya alumini, nikaimimina ikitokota ndani ya kastadi iliyotoka motoni dakika ile ile. Maziwa yakakatika mbele ya macho yangu, mabonge upande huu na maji ya rangi ya kutu upande ule. Nikamwaga lita nzima ya maziwa. Nisingependa jambo hilo likupate.

Kwanza tuijue tunayoipika. Rubabu si tunda. Tunachokula ni kikonyo cha jani. Ni kweli kwamba mwaka 1947 mahakama ya forodha nchini Marekani iliamua ihesabiwe kuwa tunda kwa kuwa huko huliwa kama tunda, lakini shambani ni mboga. Kwa karne nyingi walimwengu hawakuijua kwa kikonyo bali kwa mzizi. Mzizi mkavu wa rubabu ulisafirishwa kutoka China ukauzwa kama dawa ya kusafisha tumbo, na Waarabu wanauita rawandi mpaka leo. Kuila kama kitamtam kulianza Uingereza baada ya sukari kushuka bei, kwa sababu bila sukari hakuna anayeimaliza sahani.

Majani yake ni sumu. Hili nalisema bila kulainisha, kwa kuwa sisi ni watu wa majani. Tumezoea kisamvu, matembele, majani ya maboga, na mtu akiona jani pana la kijani zuri namna ile mkono unamwenda kwenye ubao wa kukatia. Wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, chakula kilipoadimika Uingereza, watu walishauriwa kuyala majani haya kama mboga. Wakaugua, na vifo vikaripotiwa. Kata jani lote pamoja na kipande kidogo cha shingo yake, tupa. Usimpe mbuzi wala kuku.

Rubabu ziko za aina mbili sokoni, na tofauti yake utaiona mpaka kwenye bakuli. Ile ya Januari hadi Machi hulimwa gizani. Kusini mwa Leeds kuna eneo dogo kati ya Wakefield, Morley na Rothwell ambalo watu hapa huliita Pembetatu ya Rubabu. Mizizi hukaa shambani miaka miwili bila kuvunwa hata kikonyo kimoja, ikijiwekea akiba. Kisha hupigwa na baridi kali ya mwanzo wa kipupwe, na baridi hiyo ni lazima, maana ndiyo inayouamsha mzizi. Baada ya hapo hung'olewa na kuingizwa kwenye mabanda marefu ya chini yasiyo na dirisha, yenye joto. Humo gizani mzizi unadhani ni majira ya kuchipua, unaisukuma akiba yake yote juu kutafuta mwanga ambao haupo. Vikonyo hurefuka haraka mno hivi kwamba ukisimama kimya ndani ya banda unasikia machipukizi yakipasua maganda yake, pa, pa, kama bisi za mbali. Wavunaji huingia kwa mishumaa, kwa kuwa mwanga mkali ungeifanya rubabu ianze kuwa ya kijani na ngumu.

Kilimo hiki kilishika hapa kwa sababu makaa ya mawe yalichimbwa jirani, yakapasha mabanda joto kwa bei nafuu, na viwanda vya sufu vilikuwa na taka za nyuzi ambazo ni mbolea nzuri. Wakulima walikuwa zaidi ya 200. Leo wamebaki wachache. Mwaka 2010 Umoja wa Ulaya uliipa rubabu hii ulinzi wa jina, kwamba isiitwe ya Yorkshire ile isiyolimwa hapa. Bei yake ni kubwa, na baada ya kuona inavyovunwa mimi huilipa bila kunung'unika.

Ya pili ni ya nje, inayoanza mwezi wa Aprili. Hii ni nene, ina kijani zaidi, ina nyuzi, na ukali wake umezidi. Inafaa pia, ila iongeze sukari na uimenye nyuzi za juu kama zinavutika. Yoyote utakayochukua, chagua vikonyo vinavyosimama vyenyewe. Kishike kimoja kati ya vidole viwili. Kikilala kama mkufu, kiache. Kikiwa kizuri, ukikivunja kitalia kama muwa na kutoa tone la maji mahali kilipovunjika.

Sasa jikoni. Kwa watu sita, chukua gramu 600 za rubabu ya gizani, sukari gramu 110, na chungwa moja. Kwa ile ya nje, fikisha sukari gramu 140. Kata vipande vya urefu wa kidole gumba. Vitandaze kwenye chombo cha kuokea cha kioo, cha udongo au cha chuma kisichoshika kutu, visipandane. Sufuria ya alumini tupu iache kabatini, maana ukali wa rubabu huila alumini, na chakula hutoka na ladha ya chuma na rangi iliyofifia. Kwaruza ganda la chungwa juu yake, ile rangi ya nje tu, kamulia nusu ya chungwa hilo, nyunyiza sukari yote, halafu uiache nusu saa.

Usiongeze maji. Naomba ulishike hili kuliko kipimo cha sukari. Zaidi ya sehemu tisa kati ya kumi za rubabu ni maji, na sukari ikikaa juu yake inayavuta nje. Baada ya nusu saa utakuta chini ya chombo pana mchuzi wa waridi ambao hukuuweka wewe. Funika kwa karatasi ya foili, ingiza kwenye oveni ya nyuzi 180 za Selsiasi. Ile nyembamba ya gizani huiva kwa dakika 12 hivi, ya nje ifikie 20. Choma kipande kwa ncha ya kisu: kisu kikiingia bila kusukumwa na kipande bado kina umbo lake, toa. Iache ndani ya foili ipoe, itamalizia kuiva kwa mvuke wake.

Kama huna oveni, tumia sufuria pana ya chuma kisichoshika kutu, moto mdogo kabisa, kifuniko juu, na usikoroge. Tikisa sufuria tu. Rubabu hugeuka kutoka mbichi hadi rojo kwa muda wa kupokea simu, basi simu na isubiri.

Ikishapoa, mimina kila kitu juu ya chujio na uukinge mchuzi. Vipande viweke kando. Mchuzi uchemshe peke yake mpaka ubaki nusu, unate kidogo kwenye kijiko. Watu wengi huumwaga mchuzi huu, au huurudisha wote na kufanya kastadi iwe majimaji. Ukiupunguza motoni unapata shira ya rangi ya maua ya bogenvilia, na ladha yote ya rubabu imejikusanya humo.

Tuje kwenye kastadi. Wengi wetu tumeijua kutoka kwenye kopo la unga, na sioni sababu ya kulionea haya. Unga huo ulitungwa mwaka 1837 na Alfred Bird, mkemia wa Birmingham, kwa ajili ya mke wake ambaye mayai yalikuwa yanamdhuru. Ni wanga wa mahindi wenye rangi na vanila, mayai hayamo. Ukiutumia, weka vijiko vitatu vya mezani kwa nusu lita ya maziwa, ili ishike vizuri ikipoa. Kwa mgeni asiyekula mayai ndiyo njia yenyewe.

Lakini kama unaweza, ipike ya mayai walau mara moja. Pasha nusu lita ya maziwa yasiyotolewa mafuta pamoja na iliki tano zilizopondwa, yakikaribia kuchemka zima moto na uyaache robo saa yanywe harufu. Iliki na rubabu vinaelewana kuliko vanila na rubabu. Hayo ni maoni yangu na siyaondoi. Kwenye bakuli, piga viini vinne vya mayai na sukari gramu 60 na vijiko vitatu vya konflawa mpaka vilainike na kuwa na rangi hafifu. Chuja maziwa, yamimine polepole juu ya mayai huku mkono mwingine ukikoroga, kisha rudisha yote kwenye sufuria juu ya moto wa wastani.

Hapa ndipo wapishi wazuri wanapokosea kwa hofu. Mtu anaona kastadi imeanza kuwa nzito, anaogopa mayai yasije yakaganda, anaitoa haraka. Inaonekana nzito kabisa. Anaiweka kwenye friji usiku, asubuhi anaikuta imerudi kuwa uji mwepesi, na analaumu unga. Sababu ni hii: kiini cha yai kina kimeng'enya kinachokula wanga, na kisipouawa kwa moto kitaendelea kuila konflawa yako taratibu ndani ya friji. Kwa hiyo kastadi yenye konflawa lazima ichemke. Subiri mpaka mapovu makubwa mazito yapasuke juu, plopu, plopu, kama ugali unapoanza kuiva, ndipo uhesabu dakika moja nzima huku unakoroga mpaka kwenye pembe za sufuria. Usiogope. Konflawa inayalinda mayai yasikatike. Kastadi isiyo na konflawa ndiyo haivumilii kuchemka.

Toa, ipitishe kwenye chujio kama kuna mabonge, mimina kwenye bakuli pana ili ipoe upesi. Laza nailoni ya kufungia chakula juu ya uso wake, iguse kastadi yenyewe, la sivyo itafanya utando. Isikae nje zaidi ya saa mbili. Ikishapoa, iingie friji.

Ukitaka kujua kwa nini vyote viwe baridi, kumbuka maziwa ya chai yaliyotiwa ndimu. Ukali na joto vikishirikiana huyakata maziwa papo hapo. Ondoa joto, na ukali peke yake unakuwa mpole, hasa kastadi ikiwa na wanga wa kuishikilia. Kuna na jambo jingine linalotendeka kwa siri. Kalsiamu iliyomo kwenye maziwa hujifunga na ile asidi ya oksaliki. Ndiyo maana rubabu iliyoliwa pamoja na kastadi haitii meno ganzi kama ile niliyoitafuna nje ya soko. Mabibi wa Kiingereza walioviunganisha hivi viwili hawakuhitaji maabara. Midomo yao iliwaambia.

Kuunganisha ni kazi ya dakika kumi. Piga mililita 200 za krimu nzito mpaka isimame kidogo, iwe laini, isifikie kuwa siagi. Ikoroge kastadi baridi iachie, kisha changanya krimu humo kwa mwiko, ukipindua kutoka chini kwenda juu. Gawa vipande vya rubabu mafungu mawili. Fungu moja liponde kwa uma, limwage juu ya kastadi na upindue mara tatu tu, isizidi, ibaki michirizi ya waridi ndani ya weupe. Jirani yangu, bibi wa Kiingereza aliyenifundisha haya, alikuwa ananishika mkono kwenye ule mpinduo wa tatu. Alisema mlaji akutane na kali, kisha tamu, kisha kali tena. Ukichanganya mpaka rangi moja, anakutana na kitu kimoja mpaka mwisho wa bakuli. Niliona ni ukaidi wa kizee. Siku nilipojaribu njia zote mbili mezani pamoja, watoto waliimaliza ile ya michirizi na kuiacha nyingine nusu.

Chini ya kila glasi weka biskuti ya tangawizi iliyovunjwa, kama unayo. Juu yake kastadi, halafu vipande vizima vya lile fungu la pili, na mwisho kijiko cha shira. Funika, iache kwenye friji saa nne au usiku mzima. Friji iwe nyuzi 5 au chini yake. Hukaa vizuri siku mbili. Ya tatu biskuti huwa tope na rubabu huanza kutoa maji tena.

Huna haja ya jelatini. Baadhi ya mapishi huiweka ili kitamtam kisimame, na wengi wetu tunalazimika kuuliza imetoka kwa mnyama gani na amechinjwaje. Konflawa iliyochemka sawasawa inatosha. Nalisema hili kwa sababu miaka hii Ramadhani imekuwa ikiangukia ndani ya miezi ya rubabu ya gizani, na mimi huiandaa usiku kwa ajili ya futari ya kesho. Baada ya tende, uji na sambusa, mtu anataka kitu baridi kinachokata mafuta mdomoni. Glasi ndogo, si bakuli.

Mwenye historia ya mawe kwenye figo amuulize daktari wake kwanza, kwa kuwa asidi ya oksaliki ndiyo huchangia aina inayopatikana zaidi ya mawe hayo. Kwa sababu hiyo hiyo, mbirimbi nayo isifanywe sharubati ya kila siku.

Na ninyi mlioko pwani, ambako rubabu haioti kwa kukosa baridi? Msiitafute ya kopo. Chukueni embe changa, lile ambalo kokwa lake limeanza tu kukaza, limenyeni, lipikeni kwa sukari na tone la maji mpaka lilainike, lipoe, kisha fuateni hatua zote zilizobaki. Ukali wake ni mwingine, una harufu ya utomvu, lakini pamoja na kastadi ya iliki unapendeza kwelikweli. Pesheni pia hufaa, mbichi bila kupikwa, ikimwagwa juu dakika ya mwisho.

Mlioko Ulaya na mna kipande cha bustani, nunueni mzizi mmoja. Aina ya Timperley Early huwahi sana. Msivune mwaka wa kwanza. Kuanzia mwaka wa tatu unaweza kuufunika mzizi kwa ndoo nyeusi mwezi wa Januari, ukapata rubabu ya gizani yako mwenyewe. Wakati wa kuvuna usikate kwa kisu. Shika kikonyo chini kabisa, zungusha kidogo na uvute, kitatoka chenyewe na kisigino chake.

Rubabu ya gizani huisha mwezi wa Machi. Ukiiona wiki hii, nunua kilo moja zaidi ya unayohitaji, toa majani, kata vipande, vitandaze kwenye sinia ndani ya friza mpaka viwe vigumu kama mawe, ndipo uvitie kwenye mfuko na kuandika tarehe. Vitakaa mwaka mzima. Siku ya kuvipika, viingize kwenye oveni vikiwa na barafu yake bila kuyeyusha, na fungu zima uliponde, maana vilivyogandishwa havishiki umbo tena.